Kivusho cha Fundi

Kivusho nilikibuni mimi. Nasema hivyo mapema kwa sababu kwa muda mrefu nimewaacha watu waamini kwamba ulikuwa wazimu wa mzee wa watu, kwamba alikitoa kichwani mwake kwa sababu ya huzuni. Sivyo. Nilikitoa kichwani mwangu mimi, Jumamosi moja, jikoni kwa mama, magunia mawili ya majani chai yakinyauka mlangoni kusubiri lori la kiwanda lililokuwa limechelewa kama kawaida yake.

Nilikuwa nafundisha Kiswahili katika shule ya sekondari ya kutwa, juu kidogo ya Chepseon, na mwalimu mkuu alikuwa amenikabidhi klabu ya drama. Mwaka uliotangulia tuling'olewa kwenye tamasha katika hatua ya kwanza kabisa, kwa mchezo kuhusu madhara ya pombe ambao hata mimi niliyeuandika ulinichosha. Safari hii nilitaka kitu kingine. Nikaandika kuhusu msichana, binti ya mchumaji majani, anayeingia katika kiwanda kilichofungwa na kukuta mtambo wenye gurudumu. Akilizungusha, anavuka na kujikuta katika ulimwengu mwingine unaofanana na huu kwa kila kitu, vilima vilevile, chai ileile, mvua ileile ya saa nane mchana, isipokuwa jambo moja tu limebadilika. Akizungusha tena, anaingia ulimwengu wa tatu, na huko jambo jingine limebadilika. Mtambo huo nikauita Kivusho, kwa kuwa unavusha watu. Mama aliniuliza nacheka nini peke yangu. Nikamwambia nimepata.

Kilichobaki kilikuwa kukitengeneza, na shuleni kwetu kila kitu cha kutengenezwa kilipelekwa kwa Fundi.

Fundi alikuwa mtu wa kutoka ziwani, upande wa Kisumu. Alikuja Kericho akiwa kijana, akaajiriwa katika kiwanda cha majani, na kwa zaidi ya miaka thelathini alihudumia yale mafeni makubwa yanayopuliza hewa chini ya majani mabichi ili yanyauke kabla ya kusagwa. Mafeni hayo yalimharibu masikio. Aliongea kwa sauti ya mtu anayemwita mwenzake ng'ambo ya mto, hata kama anakuomba chumvi tu, na kwa hivyo hakuwa na siri. Alipostaafu, wenzake wa rika lake walifunga mizigo wakarudi kwao. Yeye alikodi vyumba viwili nyuma ya soko, akaja shuleni kuomba kazi ya madawati, madirisha na pampu ya maji. Mkewe alikuwa mshonaji, na karibu nusu ya sare za wanafunzi wetu zilipita katika cherehani yake.

Walikuwa na mtoto mmoja, mwanamume wa miaka ishirini na sita, aliyefanya kazi mahali pa kupozea maziwa. Alhamisi moja, baada ya chakula cha mchana, aliwaambia wazazi wake kwamba anateremka Soin kuangalia pikipiki ambayo mtu alikuwa anaiuza, na kwamba jioni atakuwa amerudi. Hakurudi. Huko Soin, mwenye pikipiki alisema alimsubiri mpaka akachoka. Simu ilikuwa imezimwa. Fundi na mkewe walizunguka vituo vya polisi, kisha hospitali, kisha vyumba vya maiti, kuanzia Kericho mpaka Kisumu. Kijana alikuwa na vidole viwili vya mguu wa kushoto vilivyoshikana tangu kuzaliwa, kwa hivyo kila walikokwenda Fundi aliomba afunuliwe miguu kwanza. Aliwahi kutueleza hayo katika chumba cha walimu, kwa sauti yake ile, akiwa ameshika bisibisi, na hakuna aliyejua aangalie wapi. Alisema siku hizi akikutana na mtu barabarani anatazama miguu kabla ya uso.

Yote hayo niliyajua nilipompa kazi. Ilikuwa imepita miaka sita, na mimi, kama wengine wote, nilikuwa nimeyazoea.

Nilimwambia nataka mtambo mkubwa, wa mabati na vyuma, wenye gurudumu la kuzungushwa kwa mkono, taa, na upepo wa kutosha kurusha majani chai mpaka kwa watazamaji. Akaomba asome mchezo wenyewe kwanza.

"Siwezi kutengeneza kitu sijui inafanya nini," alisema.

Nikampa nakala. Kiswahili kilikuwa lugha yake ya pili, na alisoma polepole, miwani ikiwa imefungwa kwa uzi nyuma ya kichwa, kidole kikifuata mstari. Alichukua siku kumi. Aliporudi alikuwa na swali.

"Mwalimu, huyu msichana akivuka, anakuta nyumba yao iko, mama yake yuko. Sasa yule msichana mwingine wa kule, yule mwenye hiyo nyumba, yeye anaenda wapi? Wanakuwa wawili?"

Nilikuwa sijafikiria hilo. Lilikuwa shimo kubwa katikati ya mchezo wangu, na ni mtu wa madawati ndiye aliyeliona. Nikafikiri haraka, kama mwalimu anavyofikiri anapoulizwa swali darasani na hataki kuonekana hajui.

"Kule anakokwenda, yule wa huko hayupo," nilimwambia. "Alitoweka. Wazazi wake walimtafuta wakamkosa. Kwa hivyo huyu anapofika, wanadhani ni yule wao amerudi."

Fundi alivua miwani.

"Na huku alikotoka, sasa ni yeye amepotea."

"Ndiyo."

"Kwa hivyo mtu akipotea hapa, hajakufa. Yuko nyumbani kwao, lakini ile nyingine."

"Kimantiki, ndiyo," nilisema. Nilikuwa nimefurahi, na siwezi kuficha furaha hiyo sasa. Nilikimbia nikaiandika. Nikampa mama wa yule msichana maneno ya kusema akiwa amesimama peke yake jukwaani: kwamba aliyepotea upande huu hajafa, ameketi mezani upande wa pili anaulizwa mbona amechelewa. Wanafunzi waliposikia mara ya kwanza katika mazoezi waliomba yarudiwe. Nikajua tumeshinda.

Fundi alikijenga Kivusho kwa wiki tano. Alikwenda kiwandani kwao kwa zamani akaomba feni iliyotupwa, akainyoosha mapanga yake moja moja kwa nyundo. Fremu aliichomelea kwa mabomba ya maji, akaizungushia mabati aliyoyapiga mpaka yakawa na mikunjo kama ngozi. Gurudumu lilitoka kwenye baiskeli, injini kwenye pampu mbovu ya shule. Kilikuwa kirefu kuliko mlango, na katikati kilikuwa wazi ili mtu apite. Siku ya kukijaribu tulimwaga debe la majani makavu mbele ya feni, na yalipaa mpaka darini. Wasichana walipiga mayowe. Fundi alisimama kando, mkono juu ya bomba, akihisi mtetemo, kwa kuwa kusikia alikuwa hasikii vizuri.

Jambo moja zaidi lazima nilieleze. Msichana aliyeigiza, wa kidato cha pili, alikuwa na viatu vilivyochanika vidole, na nilichelea waamuzi wasije wakavitazama badala ya kumtazama yeye. Nikaandika kwamba mtu akivuka, viatu vinabaki alikotoka. Anafika pekupeku. Waamuzi walilisifu jambo hilo sana, wakasema ni ishara nzito.

Tulishinda katika kaunti. Katika hatua iliyofuata tulitolewa, lakini tulirudi na kikombe kidogo, na mwalimu mkuu alinipa mkono mbele ya shule nzima. Kivusho kilirudishwa kwenye karakana nyuma ya jiko. Mimi nilirudi kwenye ngeli na methali, na nikakisahau.

Muhula uliofuata Fundi alianza kuja kwangu na maswali. Mwanzoni niliyapenda. Aliuliza kwa nini niliandika mizunguko saba na si sita. Aliuliza kama gurudumu linazungushwa kwa mkono wa kulia kwa sababu fulani. Nilijibu chochote kilichonijia. Kisha siku moja, nikiwa nasahihisha karatasi za mtihani na chumba cha walimu kimejaa, alisimama mlangoni.

"Mwalimu, nimezungusha mara saba. Nimezungusha mara sabini. Hakuna kitu inabadilika. Tunakosea wapi?"

Sauti ilijaa chumba chote. Walimu wawili walicheka. Na mimi, bila kuinua macho kwenye karatasi, nikacheka pia.

"Labda kasi haitoshi, Fundi," nikasema.

Yeye hakucheka. Aliitikia kwa kichwa, kama mtu aliyepewa kipimo, akaenda zake.

Kuanzia hapo madawati yalirundikana bila kutengenezwa. Aliongeza injini ya pili. Umeme wa shule ukawa unakatika kila alasiri, mpaka mwalimu mkuu akatoa amri kitu kile kiondoke. Fundi hakubisha. Alikifungua vipande viwili, akavipakia kwenye trela ya trekta ya jirani, akavipeleka kwake. Nilikiona kikipita mbele ya dirisha la darasa, kimefunikwa kwa nailoni ya kuanikia mahindi, na Fundi akitembea nyuma yake polepole.

Sikwenda kumwona. Nilijua kinachoendelea, maana soko lote lilijua, na bado sikwenda. Wengine walisema mzee amerukwa na akili. Wengine walimwonea huruma, wakampelekea nyaya na vipuri. Kanisani kwao walimwombea kwa kumtaja.

Baada ya miezi minne mkewe alikuja shuleni. Nilimkuta amekaa kwenye benchi nje ya ofisi, futi ya kupimia ikining'inia shingoni, kama mtu aliyetoka kwenye cherehani bila kupanga. Alikuwa mwanamke mtaratibu, mwenye kuchagua maneno.

"Mwalimu, nimekuja kwako kwa sababu wewe ndiye uliandika," alisema. "Baba ametoa kitanda chetu ndani ili ile mashine iingie. Tunalala chini. Kila alasiri anaiwasha. Halafu ametoa viatu vya kijana, vile vya ngozi vya kwenda kanisani, ameviweka hapo mbele ya mashine, upande wa kutokea. Nilimuuliza ni vya nini. Akaniambia kijana atafika bila viatu."

Nikakaa kando yake kwenye benchi.

"Nilikuwa nimeanza kupona," alisema. "Kidogo tu. Nilikuwa naweza kushona nguo ya mtu wa umri wake bila kusimama. Sasa kila siku tunangoja. Mwambie ni uongo. Akisikia kwa mtu mwingine hataamini. Akisikia kwako ataamini."

Nilikwenda Jumapili, baada ya ibada. Mvua ilikuwa imeanza, ile mvua yetu nzito yenye chembe za barafu, na mabati ya nyumba yao yalilia mpaka tukawa tunapiga kelele sote, si Fundi peke yake. Kivusho kilijaza chumba. Ukutani, pale kilipokuwa kitanda, palibaki alama ya kichwa cha mtu kwenye rangi. Viatu vilikuwa pale mkewe alipovitaja, vimepakwa rangi, kamba zimefunguliwa ili miguu iingie kwa urahisi.

Fundi alifurahi kuniona. Alidhani nimekuja kusaidia. Alikiwasha akanionyesha jinsi alivyoongeza kasi, akanionyesha kijitabu alichoandika mizunguko na saa. Nilimwacha amalize, kwa woga tu. Kisha nikamwambia.

"Fundi, hiki kitu hakifanyi kazi. Hakiwezi kufanya kazi. Nilikitunga."

"Najua ulitunga. Lakini ulitoa wapi?"

"Sikukitoa mahali. Kichwani. Nilitaka tushinde."

"Ile ya mizunguko saba?"

"Saba ilisikika vizuri."

"Na viatu?"

Nikamweleza habari ya viatu vya yule msichana. Alisikiliza akiwa amegeuza sikio lake zuri kwangu, mkono nyuma ya sikio. Mkewe alikuwa amesimama karibu na mlango na hakusogea.

"Na ile ya mtu aliyepotea," alisema. "Kwamba yuko nyumbani kwao, ile nyingine. Hiyo pia?"

"Uliniuliza swali sikuwa na jibu lake, nikatafuta jibu. Hiyo pia."

Aliweka mkono juu ya bomba la Kivusho. Halafu aliniuliza, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue aliongea kwa sauti ya chini, nikalazimika kusogea ili nimsikie katika kelele za mvua na feni.

"Kwa hivyo yeye yuko wapi?"

"Sijui, Fundi."

"Hakuna mtu anajua."

"Hakuna."

Alinyoosha mkono akazima swichi. Mapanga yaliendelea kuzunguka kwa muda kwa uzito wake yenyewe, kisha yakasimama. Akaniambia asante kwa kusema ukweli. Akamwambia mkewe anipe chai, na tulikunywa chai hiyo sote watatu, tukaongea juu ya barafu na majani yatakavyoharibika.

Wiki hiyo alikifungua Kivusho chote. Mkewe alinieleza kwamba hakukivunja kwa hasira. Alifungua kila nati, akazipanga kwa ukubwa kwenye mikebe, akarudisha feni kiwandani, akarudisha baiskeli gurudumu lake. Kitanda kikarudi ndani. Mama yule alikuja shuleni na ndizi mbivu zilizofungwa kwa leso, akanishika mikono yote miwili. Nilizipeleka ndizi nyumbani nikala na mama, na nilijiona nimefanya jambo jema, gumu lakini jema.

Fundi hakurudi kazini. Mwalimu mkuu alisubiri mwezi mmoja, kisha akatafuta mtu mwingine. Nilisikia kwamba mzee haongei. Nikasikia kwamba hatoki kitandani. Majirani walisema ni malaria, halafu wakasema ni sukari. Hospitalini walimpima wakasema hawaoni kitu, wakamwandikia vidonge vya kumpa hamu ya chakula, na vidonge vikabaki kwenye karatasi yake.

Mkewe alipokuja mara ya pili, futi haikuwepo shingoni. Hakukaa kwenye benchi.

"Ulimwambia vipi?" aliniuliza. "Nilikuwa hapo, nilisikia, lakini nauliza. Ulimwambia vipi mpaka ikawa hivi? Analala ameangalia ukuta. Nikimgeuza anageuka tena. Nikimpa maji yanatoka pembeni ya mdomo. Afadhali ile mashine, mwalimu. Ile mashine angalau alikuwa anaamka asubuhi."

"Mama, wewe ndiye uliniomba."

"Mimi niliomba. Sasa naomba tena. Rudi umwambie ulikosea. Mwambie kuna kitu ulikuwa hujafikiria. Wewe una maneno. Mrudishie."

Nilikwenda. Ningefanya nini? Njiani nilitunga. Naona aibu kusema kwamba nilitunga vizuri, kwamba nilipofika kwenye mlango wao nilikuwa na maelezo kamili, yasiyo na shimo hata moja, kuhusu kwa nini Kivusho kingeweza kufanya kazi kama kingejengwa mahali pa juu zaidi, penye hewa nyepesi.

Fundi alikuwa amelala kama mkewe alivyosema. Nilimwona mgongo tu, mifupa ya mabega ikiinua shati. Nikakaa kwenye kiti karibu na kitanda, nikainama sikioni mwake.

"Fundi, nimefikiri tena habari ya ile mashine. Pengine niliharakisha kukwambia..."

Aligeuka. Ilimchukua muda. Uso ulikuwa umekwisha, macho tu ndiyo yalibaki, na macho yale hayakuwa ya mtu aliyerukwa na akili. Alinitazama kama alivyonitazama siku ile aliyoniuliza yule msichana mwingine anakwenda wapi.

"Mwalimu," alisema, "usifanye hivyo."

Alirudi kuangalia ukuta. Nilikaa pale labda nusu saa, kisha nikaondoka, na nilipopita mbele ya mkewe kwenye baraza hakuniuliza kitu.

Waliondoka mwezi uliofuata. Mdogo wake Fundi alitoka kwao ziwani na pikapu, wakamlaza mzee nyuma kwenye godoro, cherehani upande mmoja, magunia ya vyombo upande wa pili. Nilisaidia kubeba. Tulipokuwa tunafunga kamba, mkewe aliniambia kitu ambacho miaka yote sikukijua, na ambacho Fundi, mtu asiye na siri, alikuwa hajakisema kwa sauti mahali popote. Kwao, mtu akipotea na mwili usipatikane, wazee huchukua tunda la yago, lile tunda refu zito linaloning'inia kama mkono wa mtu, wakalizika kaburini badala yake, ili mambo ya msiba yafungwe. Ukoo ulikuwa umetaka kumfanyia kijana hivyo tangu mwaka wa pili wa kupotea kwake. Fundi alikataa. Alisema akikanyaga kwao watalizika, na wakilizika, ni yeye atakuwa amemzika mtoto aliye hai. Ndiyo maana hakurudi kwao alipostaafu.

"Sasa wamemuuliza tena kwa simu," alisema mkewe, akivuta fundo. "Akasema wafanye wanavyotaka."

Pikapu iliteremka kuelekea Fort Ternan, kwenye joto la miwa. Hatukupungiana mikono.

Fundi alikufa kabla ya mvua za masika. Shule ilitoa basi, tukaenda walimu wachache na wazee wawili wa kiwandani. Boma lilikuwa na joto, turubai za buluu, viti vya plastiki, spika kubwa za kanisa. Kando ya kaburi lililochimbwa palikuwa na jingine dogo, udongo wake umeshaanza kuota nyasi. Hakuna aliyetueleza ni la nani, na hakuna aliyeuliza.

Kwa sababu tulikuwa wageni wa kutoka Kericho, mdogo wake aliomba mmoja wetu asome wasifu wa marehemu kwa Kiswahili, baada ya wao kuusoma kwa lugha yao. Mwalimu mkuu alinigeukia. Alisema mimi ndiye mwenye sauti. Nikapewa karatasi mbili zilizochapwa, nikasimama mbele ya kipaza sauti. Nilisoma alikozaliwa, alikosoma, mwaka alioingia kiwandani, mwaka aliostaafu. Nilisoma kwamba aliitumikia shule yetu kwa uaminifu. Kisha nikafika kwenye mstari usemao ameacha mjane, na kwamba alijaliwa mtoto mmoja, na mbele ya jina la mtoto waliandika marehemu.

Nilisimama hapo. Watu walidhani ninalia, wakaanza kunipigia makofi ya taratibu kunitia moyo. Sikuwa ninalia. Nilikuwa natafuta njia ya kuliruka lile neno, na hapakuwa na njia, kila mtu alikuwa na nakala mkononi. Mkewe alikuwa kwenye safu ya kwanza, amevaa mavazi meusi tii, mikono mapajani. Nikalisoma. Nikamaliza karatasi, nikarudi kukaa.

Baada ya mazishi nilimfuata nyuma ya nyumba, alikokuwa ameketi kwenye mkeka na wanawake wengine. Nilipiga magoti nikamwomba msamaha. Aliniacha nimalize.

"Ulifanya nilichokuomba," alisema. "Mara zote mbili." Halafu akaniuliza kama tumekula, akamtuma mtu atuletee sahani.

Klabu ya drama nimeiacha. Anaiongoza mwalimu mgeni, kijana mwenye bidii, na mwaka jana walifika mbali. Mimi nafundisha sarufi na insha. Wanafunzi bado wanaandika insha za watu waliopotea wakarudi, wanazipenda sana, na mwezi uliopita msichana mmoja aliandika ya baba aliyerejea nyumbani baada ya miaka kumi, akabisha hodi watu wakiwa mezani. Iliandikwa vizuri. Nilimpa kumi na saba kwa ishirini. Chini, mahali pa maoni ya mwalimu, nilishika kalamu mpaka kengele ikalia, nikafunga daftari bila kuandika kitu.